Geti Nalo Lina Kiwanja Chake

Mwezi uliopita Osia alinialika Vwawa nizungumze na wanafunzi wake. Siku hizi anafundisha mitandao ya kompyuta katika chuo kidogo, na aliniambia kwenye simu kwamba vijana wamechoka kumsikia yeye, wanataka kumwona mtu anayeifanya kazi yenyewe kila siku. Nikaenda. Alisimama kunitambulisha, na katika kunitambulisha akasimulia mwaka wetu wa Tunduma: ghala la majibu, mtihani, kompyuta sita. Alisimulia vizuri, na wanafunzi walicheka mahali pa kucheka. Ila alijifanya yeye ndiye mjinga wa kisa, na alipofika kwenye siku ya kompyuta sita alisema Mwalimu alipita nyuma yake, akaona kioo, mambo yakaisha. Haikuwa hivyo. Nilikuwepo, nilikaa kwenye kompyuta ya pili kutoka mlangoni, na kazi yangu tangu zamani ni kuandika kilichotokea, nani alikigusa na nani alikiona. Sikumkatiza mbele ya wanafunzi wake. Naandika hapa, kwa mpangilio: mahali kwanza, kisha watu, kisha jambo lenyewe.

Mwaka ule wa masomo nilipewa: mtu alinilipia ada. Aliyenipa alikuwa na sababu zake na sura hii si yake. Itoshe kusema kwamba nilitoka Ndalambo nikiwa nimemaliza kidato cha sita, na nilijua kwamba mwaka ukiisha bila cheti nitarudi kusimamia mashine ya kusaga. Sina ubaya na mashine ya kusaga, imelisha watu wengi. Lakini nilikuwa nimeshaona mara moja, katika ofisi ya kata, fundi akichomeka waya kwenye kisanduku chenye taa za kijani, na kompyuta iliyokuwa imekaa kimya wiki nzima ikaanza kuzungumza na Mbeya. Nilitaka kujua ndani ya ule waya kulipita nini. Kituo cha mafunzo kilikuwa ghorofani, juu ya duka la matairi, na mpaka leo nikinusa mpira mpya nakumbuka jinsi ujumbe unavyokatwa vipande, ukasafirishwa na kuunganishwa tena. Chumba kilikuwa kimoja, kirefu na chembamba, kompyuta zimepangwa ukutani kuanzia mlangoni mpaka kwenye pembe ya dirisha, na ile ya pembeni kabisa ilikuwa imegeuzwa kukwepa jua, hivyo kioo chake hakikuonekana na mtu yeyote isipokuwa aliyekaa mbele yake. Hilo la kioo nalitaja mapema kwa sababu ndilo Osia alilolisahau, au alilojifanya kulisahau.

Mwalimu Kibona alikuwa mtu wa sweta hata jua likiwaka. Alifundisha taratibu, macho dirishani, kana kwamba maneno anasomewa na malori yanayopita chini. Kitabu alichotufundishia kilikuwa kinene kama tofali. Kila mwisho wa sura kulikuwa na maswali, na majibu yake hayakuwemo. Waliochapa kitabu walikuwa wakiwapa walimu peke yao, na Mwalimu alitueleza bila aibu kwamba yeye aliomba na hakujibiwa. Siku ya kwanza kabisa alituonya. "Kuna majibu yanazagaa mtandaoni," alisema. "Yanalemaza. Nitakayemkuta nayo, ngazi zile pale." Darasa zima likageuka kuzitazama ngazi.

Chakula cha mchana tulikula kwa Mama Sekela, karibu na maegesho ya malori. Mbele palikuwa na mabenchi ya madereva, nyuma palikuwa na stoo ya magunia ya mchele na madumu ya mafuta, na baada ya kula alituruhusu tukae stoo, kwa sharti kwamba tusimwage chai juu ya mchele. Alipika ugali, kapenta, wale dagaa wa ziwani, wa kukaanga, maharage, na mboga ya majani iliyoungwa kwa karanga, ambayo madereva wa Zambia waliita ifisashi na sisi tuliita mboga ya karanga tu, sufuria likiwa moja. Pazia la kitenge lilitutenganisha na madereva, kwa hiyo tulisikia kila kitu: foleni imefika Mpemba, karatasi za nani zimekwama, nani ameoa tena Nakonde na wa huku hajui. Simu zetu mle stoo zilikuwa hazijui ziko nchi gani. Ukikaa upande wa mlango unashika mnara wa Tanzania. Ukisogea kwenye gunia la mwisho, simu inavuka mpaka bila pasipoti na saa yake inarudi nyuma saa nzima. Osia aliitumia nafasi hiyo vizuri.

"Saa ngapi hii, Osia?" Zubeda alimuuliza siku moja alipochelewa.

"Saa kumi, dada Zu. Kama tulivyopanga."

"Saa kumi ya wapi?"

"Ya Nakonde."

"Basi na ugali wako umeliwa kwa saa ya Tanzania."

Tulikuwa watatu. Zubeda alikuwa mkubwa wetu, mke wa mtu, karani katika ofisi ya uwakala wa forodha, mwanamke wa kushika jambo moja na kutoliachia mpaka limalizike. Alisoma mchana kwa ruhusa ya bosi wake, ambaye alikuwa amechoka kuita fundi kutoka Mbeya kila mtandao wa ofisi ukikatika. Osia alitoka milima ya Ileje, mrefu, mcheshi, na Kindali kilikuwa kimemkalia ulimini kiasi kwamba ruta, kile kisanduku cha kuunganisha mitandao, kwake ilikuwa luta. Alikuwa mwepesi wa kuelewa kuliko sisi wawili, na pia mwepesi wa kujitilia shaka. Mimi nilikuwa mwandishi wa kikundi, kwa sababu mwandiko wangu ulisomeka.

Aliyelikuta ghala la majibu ni Zubeda. Alikuwa anatafuta maana ya neno la sura ya pili, akaangukia ukurasa ambao mwanafunzi wa nchi ya mbali, aliyejiita kwa herufi tatu tu, alikuwa ameweka majibu yake ya kitabu chetu kile kile, sura kwa sura, swali kwa swali, na michoro juu. Yeyote aliweza kuyapakua, na sisi ukurasa ule tukauita Ghalani. Habari ikaenea darasani kabla ya wiki kwisha, na wenzetu wengi wakafanya kile ambacho Mwalimu alikiogopa: wakanakili. Kazi za nyumbani zikaanza kufanana mpaka makosa ya tahajia. Osia naye alishatoa simu tayari kufungua, pale pale juu ya gunia, Zubeda akamfunika mkono.

"Huu mzigo una sili," alisema. Watu wa ofisi za forodha husema sili. Vitabuni ni lakiri, kile kifungo cha chuma kinachofungwa kwenye mlango wa kontena ili asifungue mtu njiani. "Na sili haikatwi na mtu mmoja kichochoroni. Pale kwetu mzigo ukifika, dereva yupo, ajenti yupo, afisa yupo. Kwanza unasema ndani una nini. Ukishasema, ndipo tunakata, wote tunaona."

"Na nikisema sijui?" Osia aliuliza.

"Asiyejua mzigo wake anakaa yadi."

Ikawa ndiyo sheria yetu. Yadi ilikuwa kizingiti cha mlango wa nyuma, kando ya pipa la maji, na asiye na jibu alikwenda kukaa huko na kitabu mpaka apate la kusema, hata kama ni la uongo. Ndani, kila mmoja alisema jibu lake kwa sauti na sababu yake, nami nikaandika. Kisha Zubeda akauliza, "Mashahidi wapo?" Tukaitikia wapo, akafungua simu. Jibu likilingana na letu, tulisonga mbele. Lisipolingana, hatukufuta la kwetu mara moja. Tulikaa tukatafuta mzigo na karatasi vimeachana wapi. Nimefanya kazi na watu waliosomea vyuo vikubwa, nimehudhuria mafunzo yenye viyoyozi na chai ya maziwa, na sijawahi kuona namna ya kujifunza iliyo bora kuliko ile. Majibu ya wenzetu yaliingia machoni yakatokea mkononi. Ya kwetu yalipita mdomoni kwanza, na jambo ulilolitetea kwa mdomo mbele ya Zubeda hulisahau kirahisi. Hata madereva walituzoea. Mmoja wao alikuwa na desturi ya kuchungulia pazia akiuliza, "Leo nani yuko yadi?" na akimkuta Osia anampa pole kwa Kibemba.

Sasa jambo lenyewe. Kwa asiyejua kazi hii, kila kompyuta kwenye mtandao inapewa anwani, kama nyumba inavyopewa namba, na anwani hizo hugawiwa kwa vitalu. Kitalu hakikatwi kwa ukubwa wowote unaotaka. Kuna cha anwani nane, cha kumi na sita, cha thelathini na mbili, cha sitini na nne, kuendelea. Na katika kila kitalu, anwani mbili hazipewi kompyuta. Ya kwanza ni jina la kitalu chenyewe, ya mwisho ni ya matangazo, ukisema kitu pale wanasikia wote. Swali la kitabu lilisema hivi: ofisi ina kompyuta thelathini zinazotoka nje kupitia ruta moja, ipe kitalu kidogo kabisa kinachotosha. Tulikaa kila mmoja kivyake. Hakuna aliyekwenda yadi siku hiyo. Tulipokuja kusema, Osia alisema sitini na nne, Zubeda sitini na nne, mimi sitini na nne. Zubeda akauliza mashahidi, akafungua simu. Ghala lilisema thelathini na mbili.

Kwa mbele dereva mmoja alikuwa akidai nyongeza ya mboga. Ukilitazama jibu lile linapendeza kama nguo ya kushonwa: toa mbili kwenye thelathini na mbili, zinabaki thelathini, na kompyuta ni thelathini.

"Tumekosea," Osia alisema.

"Wapi?" nilimuuliza.

"Sijui wapi. Lakini huyu mtu hajakosea hata swali moja tangu sura ya kwanza. Sisi ni akina nani?"

"Sisi ni watu wa boda," Zubeda alisema. "Hizo kompyuta thelathini zinatokea wapi?"

"Kwenye luta."

"Na hiyo luta yako imesimama hewani? Geti nalo lina kiwanja chake. Lina nyumba, lina anwani, ndiyo maana watu wanajua pa kwenda. Kompyuta thelathini na geti, ngapi hizo?"

"Thelathini na moja," nilisema.

"Kama yeye hajawahi kuishi karibu na geti, mimi nimsaidieje?"

Kutoka nyuma ya pazia sauti ikauliza kiwanja kinachogombaniwa kiko wapi, kama hakina mgogoro yeye ananunua. Tulicheka, na katika kucheka nikaona Osia hacheki. Alikuwa anasogeza kidole juu ya simu, akilisoma jibu upya, kama mtu anayesoma tangazo la kuitwa shuleni akitafuta jina lake.

Mtihani wa nadharia ulifanyika mwishoni mwa kipupwe. Ndio uliokuwa mlango: aliyeufaulu aliruhusiwa kufanya mtihani wa vitendo mbele ya wageni kutoka nje ya mkoa, na wageni hao walikuja mara moja kwa mwaka. Nikifaulu nina cheti, nikianguka nina mashine ya kusaga. Nilipofunua karatasi nikakuta swali lile lile, ofisi ile ile, kompyuta thelathini, na limepewa alama nyingi kuliko yote. Nikaandika sitini na nne na nikaeleza geti. Matokeo yalibandikwa kwenye ngazi. Zubeda alipita, Osia alipita. Mimi niliangukia chini kidogo ya mstari wa kufaulu, na nilipopewa karatasi yangu nikaona swali zima limekatwa kwa wino mwekundu, na pembeni Mwalimu ameandika thelathini na mbili.

Mchana ule tulikutana stoo kama kawaida. Zubeda aliomba karatasi zetu zote tatu, akaziweka magotini. Yeye mwenyewe aliandika sitini na nne na alikatwa kama mimi, lakini alikuwa na alama za kumbeba. Karatasi ya Osia aliishika muda mrefu.

"Uliandika la Ghalani," alimwambia.

"Niliandika."

"Wakati ulikuwa na la kwako."

"Nilikuwa nalo."

Zubeda hakumgombeza. Alinigeukia mimi, akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayenieleza hatua za kutoa mzigo, "Ukienda kwa Mwalimu ukashinda, swali linasahihishwa kwa wote. Mimi napanda. Wewe unapita. Huyu anaanguka."

Osia alichukua sahani yake, akapita kwenye pazia, akaenda kukaa na madereva. Kesho yake alikaa nao tena. Nilimsikia akiwachekesha, kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, na Mama Sekela alipokuja kuchukua vyombo alinitazama akauliza, "Mmekosana nini, wanangu?" Nikasema hatujakosana. Akasema, "Basi mbona mboga inabaki?"

Nilikwenda kwa Mwalimu siku ya tatu. Nilimkuta darasani peke yake akinywa chai na mihogo ya kuchemsha. Nikamwamkia, nikaweka karatasi mezani, nikamweleza geti. Alisikiliza akitazama malori.

"Mwongozo wa kusahihishia unasema thelathini na mbili," alisema.

"Mwongozo umetoka wapi, Mwalimu?"

"Umetoka kwa waliotunga kitabu."

"Si walikataa kukujibu?"

Akaniangalia kwa mara ya kwanza. "Tumaini, unanihoji?"

"Hapana, Mwalimu."

"Unanihoji." Akauma muhogo, akautafuna polepole, kisha akaanza kucheka mpaka sweta ikatikisika. "Umetoka mtandaoni. Kwa jamaa mmoja mwenye herufi tatu."

Nilizitazama ngazi.

"Na wewe unamfahamu," alisema.

"Tunafahamiana, Mwalimu."

Sijasahau jinsi alivyolipokea jambo lile. Angeweza kunionyesha ngazi, na asingekosa sababu. Alifuta mikono, akachukua chaki, akaandika ubaoni hesabu ya geti. "Unaweza kuwa na haki," alisema. "Lakini hili tusibishane kwa mdomo. Kompyuta zetu ni sita na ruta tunayo. Kesho waje wote tuione."

Wakaja wote. Mwalimu alieleza mpango: tungechukua kitalu cha nane. Kwa hesabu ya Ghalani, toa mbili, zinabaki sita, kompyuta sita zinatosha. Kwa hesabu ya geti, ruta inachukua moja, zinabaki tano, na kompyuta moja lazima ikose. Ruta ilipangwa igawe anwani yenyewe, bila mkono wa mtu. Tukakaa, mmoja mmoja kwa kila kompyuta, wengine wamesimama nyuma. Zubeda alikaa ya kwanza, mimi ya pili. Osia alichelewa kuingia, na nafasi iliyobaki ilikuwa ile ya pembeni, ya kioo kilichogeuzwa. Alikaa bila kumtazama mtu. Kila mmoja aliyekuwa mle chumbani alishajua kinachopimwa, maana habari hazikai kituoni kama zisivyokaa boda, na walijua pia kwamba wengine walioandika jibu la Ghalani walikuwa na alama za kutosha hata wakipunguziwa. Asiyekuwa nazo ni Osia.

Mwalimu akawasha ruta. Yangu ilipata anwani haraka. Nikasikia ya Zubeda imepata, ya jirani imepata, wakawa wanaitikia mmoja baada ya mwingine, kwa kelele, kama wanaoitwa majina. Mwalimu, aliyekuwa amesimama mlangoni kwenye ruta, akauliza, "Zote zimepata?"

"Zote!" darasa likaitikia. Liliitikia kama madarasa yanavyoitikia, bila kuhesabu. Wale wa nyuma walipenda Osia apite; mimi nilikuwa nikiliona paji la uso wake tu, juu ya kompyuta. Mwalimu alikunja uso kidogo, akanitazama kwa huruma, akachukua dasta na kuanza kufuta ubao. Alianza na hesabu ya geti. Sikumzuia: sikukiona kioo cha sita, na nilichofundishwa stoo ni kwamba husemi mzigo usiouona.

"Mwalimu," Osia alisema. "Ya huku imegoma."

Hakuna kilichomlazimisha. Hakuna aliyepita nyuma yake, palikuwa na ukuta. Angeweza kuandika anwani kwa mkono, alijua namna, alikuwa mwepesi kuliko sisi sote. Angeweza kukaa kimya tu, na ubao ungekuwa mweusi na mambo yangekwisha. Mwalimu akaacha dasta, akaenda, akainama juu ya kioo. Tukamfuata wote tukisukumana. Pembeni chini palikuwa na ile pembetatu ya njano yenye alama ya mshangao ndani, na kompyuta ilikuwa ikitafuta, ikikosa, ikitafuta tena. Osia alikuwa ameweka mikono juu ya mapaja.

"Izime ruta, uiwashe," Mwalimu alisema. Tukarudia. Safari hii ikakosa ya Zubeda, ya Osia ikapata. Tukarudia tena, ikakosa nyingine. Kila mara tano zilipata na moja ikabaki nje.

"Geti limechukua," Osia alisema, taratibu, kama anayejisomea. Kisha akageuka kwenye kiti, akanitafuta kwa macho kati ya watu. "Tulikuwa nalo, Tumaini. Tulikuwa nalo wote watatu."

Mwalimu alisahihisha upya karatasi zote usiku huo nyumbani kwake, na asubuhi akabandika orodha mpya juu ya ile ya zamani. Nilipita. Osia akawa chini ya mstari, na kwa kuwa wageni walikuja mara moja tu, alisubiri mpaka walipokuja tena ndipo akafanya vitendo na kufaulu vizuri kuliko Zubeda na kuliko mimi. Hilo pia hakuwaambia wanafunzi wake. Nilikutana naye kwenye ngazi siku ya orodha mpya na nikawa natafuta neno la kumpa. Akanitangulia. "Usinipe pole," alisema. "Mimi ndiyo kompyuta ya sita. Tafuteni kitalu kikubwa." Akashuka akipiga mluzi, na nilipomfuata nilimkuta stoo, kwenye gunia lake, sahani yake ikiwa upande wetu wa pazia.

Alikuwa anaandika. Pale Ghalani, chini kabisa ya ukurasa, palikuwa na mahali ambapo msomaji angeweza kumpelekea mwenye majibu marekebisho, na mwenye majibu akiyakubali yanaingia kwenye ukurasa wenyewe, kwa yeyote atakayeufungua. Osia alitaka kupeleka la kwetu. Tulibishana juu ya maneno kwa mchana mzima, zaidi kuliko tulivyowahi kubishana juu ya hesabu. Kiingereza chetu kilikuwa cha darasani, na Zubeda hakutaka tuonekane tunaomba. "Usiandike samahani," alimwambia Osia. "Samahani ya nini? Mzigo wake una upungufu, mwambie upungufu." Osia akafuta samahani. Akaeleza geti kwa mistari michache, akaeleza kitalu cha nane na kompyuta sita, akamalizia kwa majina yetu matatu na jina la mji. Zubeda akauliza mashahidi, tukaitikia wapo, Osia akabonyeza.

Siku zikapita kimya. Sisi wawili tukaanza kujiandaa na vitendo, na Osia ndiye aliyetushikia kitabu na kutuuliza maswali, akitupeleka yadi bila huruma. Kisha mchana mmoja, mabenchi yote yakiwa yamejaa, Mama Sekela akiwa katikati na sufuria la kapenta, Osia alitoka stoo kwa kishindo, pazia likimkalia begani, simu ameinyanyua juu.

"Amebadilisha!" alisema. "Amekubali! Ameandika ahsante, na amebadilisha!"

Madereva waliacha kula. Wa Zambia mmoja, asiyejua kinachosemwa, akapiga makofi, na wenzake wakamfuata, mpaka wale waliokuwa nje kwenye matairi yao wakaja kuchungulia. Zubeda alishika kichwa kwa mikono miwili. Mimi niliichukua simu nikalisoma jibu, kwa sababu siamini mpaka nimesoma: sitini na nne, na chini yake sababu, kwa maneno ya Osia, neno kwa neno.

"Kubadilisha nini?" Mama Sekela aliuliza, sufuria bado mikononi. "Mmemsahihisha nani huko?"

"Wote, Mama," Osia alisema. "Kila atakayefungua."

Akaenda kunawa mikono, akaja kula.